Dobi Aliyekatazwa Kusamehe

Wapendwa, kaeni vizuri. Mama mwenye mtoto anayelia amnyonyeshe hapo hapo alipo, asitoke nje, maana leo nawapeleka mbali na nauli nimeshalipa mimi. Nawapeleka Roma. Sisemi Roma hii ya sasa ya watalii na kamera, nasema Roma ya Makaisari, enzi ambazo mtu akikohoa pale mjini, huku Afrika wanamletea maji. Shule mimi niliishia darasa la saba, sikatai. Lakini mambo ya Warumi nilimsikiliza padri mmoja mzee aliyeyasoma kwa lugha yao wenyewe, na nikianza kuyasimulia hata mwenye digrii anavuta kiti. Mtaona wenyewe.

Sasa, katika mji huo alikuwako dobi.

Msifikiri ni dobi kama huyu wetu wa sokoni mwenye pasi ya mkaa. Dobi wa Kirumi hakuwa na sabuni. Alifulia mkojo. Ndiyo, mkojo! Aliweka mitungi kwenye pembe za barabara, wapita njia wanajisaidia humo, yeye anaikusanya, anaimimina kwenye mapipa, anaingia miguu mitupu na kukanyaga nguo mpaka jioni. Na nguo zenyewe ni za nani? Ni za waheshimiwa. Mwanamume raia wa Roma alijizungushia shuka kubwa la sufu nyeupe, waliliita toga, ndilo alilovaa akienda barazani na mahakamani. Kwa hiyo ukimwona mheshimiwa anang'aa pale mbele anahutubia watu juu ya maadili, ujue weupe ule umetoka wapi. Nawaona akina baba mnaangalia kola zenu. Tulieni, kwetu ni sabuni ya unga.

Dobi huyu alikuwa na mke. Na alikuwa na mjakazi, binti aliyemnunua sokoni akiwa mdogo, ambaye alikanyaga nguo pamoja naye kwenye mapipa. Mke alishughulika na wateja, akikunja na kupokea. Walikuwa wameoana miaka mingi, na kama ilivyo kwa nyumba nyingi, walikuwa wameacha kuzungumza pasipo yeyote kati yao kutambua ni lini. Dobi akirudi kutoka kwenye mapipa alikula, akanyoosha miguu, akalala. Alijiona mume mzuri. Hakumpiga mkewe. Chakula kilikuwepo. Ungemwuliza dobi mkewe anapenda nini, angekujibu, "Anapenda nini kivipi?"

Siku moja madobi wa mji walikuwa na sikukuu yao, wanakula na kunywa. Yeye tumbo likamsokota, akarudi nyumbani mchana jua likiwaka. Akafungua mlango wa chumba cha juu. Mkewe hakuwa peke yake. Alikuwa na mchuuzi wa mafuta ya zeituni, yule aliyepita na punda kila wiki. Mchuuzi akaruka dirishani, akamwacha punda wake chini amefungwa, na mtu huyo Roma haikumwona tena.

Dobi alivunja mtungi. Kisha akavunja mwingine. Halafu akaketi katikati ya vigae, akalia kwa sauti, mtu mzima, mpaka mjakazi akaacha kukanyaga kule chini kusikiliza.

Mkewe hakukimbia. Alikaa sakafuni mbali kidogo naye, akasema, "Nimekukosea, mume wangu. Sina cha kujitetea."

"Nilikunyima nini?"

"Huyu mtu aliniuliza kama nimechoka," akasema. "Basi. Aliniuliza kama nimechoka, nikasikia kama mtu amenifungulia mlango. Ni ujinga, najua."

Dobi alikuwa ameandaa matusi, akaokota kigae akakirusha ukutani. Mkewe naye, akiwa ameinamisha kichwa, akasema polepole, "Na yule binti je?"

"Binti yupi?"

"Wa kwenye mapipa. Unayemwita chumba cha nyuma."

Wapendwa, niwaambie ukweli: dobi hakuelewa. Hakuwa anajifanya. Alitafuta kichwani mwake kosa hilo linakaa wapi, akalikosa. "Yule ni mtumwa," akasema. "Yule ni wangu."

"Mimi je?"

"Wewe ni mke."

"Basi na mimi nilikuwa nikisikia," mkewe akasema. "Ukuta ule ni mbao tu."

Sasa simameni hapa kidogo. Katika sheria ya Roma, uzinzi ulikuwa ni jambo la mke wa mtu. Mke wa mtu akilala na mwanamume mwingine, wote wawili wamezini. Lakini mume akilala na mtumwa wake, au na kahaba, sheria haikumwita mzinzi. Haikumwita kitu chochote. Hilo halikuwa na jina kwenye hukumu zao. Jambo lisilo na jina utalitubu vipi? Utapiga magoti useme nini?

Hata hivyo siku ile, pale sakafuni kwenye vigae, kitu kilimwingia yule mtu. Mimi nasema ni neema, ninyi mnaweza kusema ni lile tumbo. Alimtazama mkewe kwa muda mrefu, akaona mikono yake imebabuka kwa kukunja nguo zenye dawa, akatambua hajawahi kuitazama. Akasema, "Mimi sitamwita tena yule binti. Na wewe nimekusamehe. Tusiseme kwa mtu."

Wakainuka, wakaokota vigae pamoja.

Ningewaambia wiki zilizofuata zilikuwaje, ila sitaki akina mama waanze kuwabana waume zao hapa kanisani. Walianza kuzungumza! Dobi alipanda kutoka kwenye mapipa anauliza, "Umechoka?" Mke anacheka, anasema, "Hilo swali nalo ulikuwa umelificha wapi?" Alimwambia habari za utotoni mwake, mambo ambayo mume alikuwa hayajui. Hata punda wa mchuuzi walimlisha. Na dobi alihisi kitu ambacho hakuwa amekihisi hata siku ya harusi yake, kwamba kuna mtu humo ndani ya nyumba, na mtu huyo ni mwenzake.

Sasa upande wa pili wa barabara alikuwako kinyozi.

Kinyozi wa Roma ni redio ya mtaa. Wateja wanakaa, yeye ananyoa na mdomo unakwenda. Na kinyozi huyu alimwona mchuuzi siku ile akitoka dirishani kama jiwe la manati. Alingoja kusikia dobi amefanya nini. Akangoja. Akasikia kicheko. Kikamsumbua mno.

Asubuhi moja dobi alikwenda kunyolewa. Wembe ukiwa shingoni kinyozi akasema, "Jirani, umenenepa! Nyumba imetulia, eh?"

"Imetulia."

"Nasikia mnacheka."

"Kucheka kuna kodi?"

"Aa, cheka tu, jirani yangu." Akafuta wembe kwenye kitambaa. Wateja waliokaa kwenye benchi wakasogeza masikio. "Ila sheria ya Kaisari unaijua. Mume akimfumania mkewe, ampe talaka na amshtaki. Ana miezi miwili. Asipofanya hivyo, yeye ndiye mwenye kesi. Unajua anashtakiwa kwa jina gani?"

Dobi akaufuata wembe kwa macho.

"Kuwadi," kinyozi akasema. "Maana mume anayejua na akanyamaza, ni nini kama si kuwadi? Bila shaka kuna kitu anapata. Labda punda."

Benchi zima likacheka. Mmoja akalia kama punda. Dobi akainuka na nusu ya ndevu zake, akavuka barabara.

Jamani, kinyozi hakusema uongo, na hilo ndilo linaloniuma. Sheria ilikuwa hivyo hasa. Mtu yeyote wa mtaani angeweza kumshtaki mume aliyesamehe, na akipatikana na hatia adhabu yake ni ile ile ya mzinzi: mali inachukuliwa, yeye anapelekwa kisiwani. Kaisari alitaka kusafisha ndoa za Roma. Akaziba kila tundu, na katika kuziba akaziba na lile ambalo rehema ilikuwa inapitia.

Mchana ule dobi alimweleza mkewe kila kitu. Mkewe akasikiliza, kisha akasema, "Waambie umenisamehe."

"Huelewi! Kusamehe ndilo kosa lenyewe!"

"Basi tuondoke. Kaka yangu ana mashamba kule milimani. Anafuga mbuzi. Nani atakuja kuuliza habari za kuwadi kwenye mbuzi?"

Dobi akatazama mapipa yake. Akayatazama mashuka ya waheshimiwa yaliyoanikwa juu, meupe, yanapepea. Alikuwa ameanza bila kitu, yeye mwana wa mtu aliyewahi kuwa mtumwa, na mtaa mzima ulimsalimia kwa jina lake. "Nikiondoka," akasema, "nitakuwa nimekiri."

"Kwao. Mimi nitajua, na wewe utajua."

"Watanicheka mpaka nife."

"Watacheka," mkewe akasema. "Watacheka, watachoka, watamcheka mwingine."

Mnaona jinsi mlango ulivyokuwa wazi? Niambieni ninyi mnaojua ndoa, mlango ulikuwa wazi au haukuwa wazi? Mbuzi, milima, na mwanamke anayekuuliza habari zako jioni. Mtu angekosa nini? Angekosa kinyozi.

Lakini kile kilio cha punda kilikuwa hakimtoki masikioni. Alikisikia akila, akakisikia akikanyaga nguo. Mwisho akatoka kutafuta mashahidi wa talaka, maana sheria ilitaka wanaume saba, raia, watu wazima. Dobi huyu huyu alipougua homa mwaka uliopita hakupata hata jirani wa kumletea uji. Siku ya talaka aliwapata saba kabla jua halijapanda, na wengine wakabaki mlangoni wanauliza kama nafasi imejaa.

Mkewe alisikia maneno ya talaka amesimama, hakulia. Alisema tu, "Ulikuwa umeanza vizuri."

Kisha akamshtaki, na kesi ikafika mahakamani. Mchuuzi hayupo, na aliyeona ni kinyozi, naye aliona mtu akitoka, hakuona alichokuwa anafanya. Hakimu akasema, "Ndani ya nyumba kuna mtumwa?"

"Yupo, mheshimiwa," kinyozi akawahi kujibu. "Yupo binti."

"Aletwe. Ateswe, aseme."

Wapendwa, msidhani nimeongeza chumvi. Sheria ya Roma haikuamini neno la mtumwa mpaka liwe limetolewa kwa mateso. Waliona mtumwa akiachwa hivi hivi atadanganya, lakini akiteswa vya kutosha ukweli utatoka. Wakamleta yule binti wa kwenye mapipa, miguu yake bado imelowa. Wakamleta na mtu mwenye mjeledi. Binti akamtazama dobi, bwana wake. Miaka yote ile aliitwa akaja. Hakuwahi kumwomba kitu. Sasa alimtazama tu.

Dobi akatazama chini. Angeweza kusema, "Mwacheni." Alikuwa mwenye mali, ni mali yake. Neno lilikuwa kwenye ulimi kabisa. Ila kinyozi alikuwa amesimama nyuma yake, na dobi akafikiri, nikimtetea huyu watasema nini tena?

Na mwanamke akasema. Yule mke aliyekuwa na kila sababu ya kumchukia binti yule, aliyemsikia usiku kupitia mbao, ndiye aliyesimama. "Msimguse. Nilifanya. Mimi ndimi niliyefanya, andikeni hivyo. Mwacheni mtoto arudi nyumbani."

Hakimu akamwuliza kama ana la kusema zaidi. Akasema, "Nina swali, mheshimiwa. Mume wangu na huyu binti, hilo linaitwaje?"

Watu wakacheka. Hata hakimu akatabasamu kidogo. "Hilo?" akasema. "Hilo haliitwi."

Basi wakamhukumu. Nusu ya mali aliyotoka nayo kwao ikachukuliwa, na yeye akapangiwa kisiwa, jiwe tupu lenye upepo na kisima kimoja. Na kwa kuwa hakuwa tena mke mwenye heshima, nguo ndefu ya mke mwenye heshima akavuliwa. Mwanamke wa namna hiyo Roma walimvisha toga, vazi la wanaume, ili kila atakayemwona njiani ajue amefanya nini. Akatoka amejizungushia shuka jeupe, anazikanyaga ncha zake, hajui kulishika. Na dobi akalitambua shuka lile kwa weupe wake. Fikirini wenyewe nani alilifua.

Mtaani walimpokea kwa shangwe. "Umesafisha nyumba yako!" Kinyozi akamalizia ile nusu ya ndevu, bure. Waheshimiwa wakazidi kuleta nguo. Jina lake lilikuwa safi kuliko mashuka, na nyumba ilikuwa kimya mpaka alisikia mapipa yakidondoka maji kule chini.

Dobi hakumwita tena yule binti. Alitimiza hilo. Siku moja wakikanyaga nguo dobi akashindwa kuvumilia kimya, akasema, "Wewe unamkumbuka mama wa nyumba?"

"Namkumbuka," binti akasema. "Alinitetea."

Dobi akangoja aendelee.

"Wewe ulikuwa umesimama karibu kuliko yeye," binti akasema, akaendelea kukanyaga.

Siku hiyo dobi alitoka kwenye pipa bila kuosha miguu, akaenda kwa mwanasheria, mzee mmoja aliyekuwa akimfulia. Akamwambia, "Nataka kumrudisha mke wangu. Nitamwoa upya. Nitakwenda kisiwani mwenyewe."

Mzee akamtazama kwa huruma. "Haiwezekani, dobi. Mwanamke aliyehukumiwa kwa uzinzi haolewi. Atakayemwoa anashtakiwa."

"Kwa jina gani?"

"Unalijua jina lake."

"Lakini aliyekosewa ni mimi!" Dobi alikuwa anapiga kelele sasa. "Siyo Kaisari, siyo hakimu, siyo kinyozi. Ni mimi! Na mimi nimesamehe!"

"Ulisamehe lini?"

"Siku ile ile! Kabla ya yote!"

Mzee akavuta pumzi. "Ungebaki nao msamaha huo, ungekuwa wako," akasema. "Ulikuja kutukabidhi kosa hapa barazani mbele ya watu. Sasa siyo kosa lako tena, ni la Roma. Na Roma haina mahali pa kusamehea."

Dobi akarudi nyumbani kwake. Akaishi miaka mingi, akafa na heshima, na mtaa mzima ukaja kumzika. Hivyo ndivyo ilivyokwisha. Nisingependa iishe hivyo. Mimi ni mtu wa kupamba hadithi, mnanijua, ningeweza kumpatia mtumbwi afike kisiwani. Lakini nimeigeuza hivi na hivi, na kila mara mtumbwi unazama.

Sasa ndugu zangu, Roma imekufa. Nguzo zake zimeanguka, mbuzi wanalala juu yake. Lakini nawauliza sisi tuliomo humu: sheria ile imekufa? Mume akimsamehe mkewe hapa kwetu, tunasemaje? Hatusemi, "Mungu ametenda." Tunasema kalishwa limbwata. Tunasema kakaliwa, siyo mwanamume yule, katobolewa sikio kama mwanamke. Tunamwita kwenye kahawa tunamchekea mpaka aone ni afadhali arudi akampige. Na mwanamke aliyeteleza tuna majina yake hata ya kugawa kwa mitaa mingine. Mume aliyejenga nyumba ndogo je? Tunamwita nani? Tunasema, "Ni mambo ya kiume." Mkewe tunamwambia avumilie. Hilo haliitwi! Hakimu wa Roma angejisikia nyumbani kabisa kwenye baraza zetu.

Mlidhani leo nahubiri uzinzi, mkajiandaa kila mtu na jirani yake. Uzinzi ni dhambi, wa mume na wa mke, na aliyefanya anajua, hahitaji mimi nimchoree. Leo nimekuja kwa kinyozi. Yule ambaye hakuzini na mtu, hakuvunja sheria yoyote, alinyoa tu na kuongea.

Na nina jambo moja la mwisho. Katika kanisa hili, humu ndani, asubuhi hii, wako mume na mke waliokosana vibaya, wakasameheana, wakarudi kukaa benchi moja.

Mbona mnageuka?

Sijataja mtu. Sijasema benchi gani. Nami nilipokuwa nikisema sikuwa na mtu hata mmoja kichwani, Mungu ananiona. Lakini shingo zimegeuka, na wala hazikugeuka upande mmoja. Kila mmoja wenu alikuwa na watu wake tayari.

Na hao mliowageukia, wapendwa, wamewaona.

Sitaomba mtu apite mbele leo. Wimbo ukiisha, ninyi mliogeuka, nendeni mkawape mkono. Msiwaulize kitu, msiwape pole, msiwape hongera. Waulizeni kama wamechoka, muwasindikize njiani.